Nati ya Juu

Kila kitu kiliharibika Jumanne, tarehe kumi na tatu Februari, mwaka elfu mbili ishirini na nne, saa nne ya asubuhi. Saa hiyo Bernadina, mke wa Donatus Mabula, alidondoka mbele ya jiko mwiko ukiwa mkononi na mdomo umekwenda upande. Donatus akampakia kwenye toroli la kubebea mawe, akalisukuma mbio mpaka kituo cha afya. Gari la wagonjwa lilikuwepo. Limeoshwa, linang'aa, mafuta tele. Kilichokosekana ni funguo. Dereva akasema ziko kwa mkubwa wa kituo. Mkubwa wa kituo akasema ziko kwa dereva. Mwenye stoo akasema wamuulize karani, na karani alikuwa amekwenda kupokea ugeni. Saa nne ikawa saa sita, saa sita ikawa saa nane, na ilipofika saa tisa alasiri Bernadina hakuhitaji tena gari la mtu yeyote.

Alipomaliza arobaini, Donatus akauza ng'ombe watatu na fungu lake kwenye karasha la kusagia mawe ya dhahabu. Akapanda basi mpaka Kahama, akaingia mitaa ya Nyahanga kwa miguu, akatoka na Starlet nyeupe ya gia za mkono, kuukuu, mlango mmoja una rangi ya samli. Akaiendesha mwenyewe hadi nyumbani, huku machimboni upande wa Runzewe, akapitiliza mpaka kaburini, akazima injini.

"Mama Generosa," akaliambia kaburi, "hakuna mtu wa nyumba hii atakayengoja tena funguo za mtu."

Watu wakacheka chinichini. Mzee wa darasa la nne, mchimbaji wa miaka ishirini, leo na gari! Yeye hakujali. Kila asubuhi aliipangusa vumbi, na funguo alizivaa shingoni kwa kamba ya kiatu. Alioga nazo.

Sasa ilikuwa Alhamisi, mwezi wa saba, vumbi limetanda mpaka kwenye chai. Generosa, binti yake wa pekee, alikuwa amerudi kwa baba yake kujifungua, maana mumewe ni mlinzi kule Mwadui na zamu zake hazina huruma. Mimba ya kwanza, na mtoto ametanguliza matako. Nesi wa kliniki alikuwa ameandika kwenye kadi kwa wino mwekundu kwamba huyu asizalie nyumbani wala kituoni, aende hospitali kubwa ya Ushirombo, na Jumatatu awe ameshafika. Donatus hasomi vizuri, lakini wino mwekundu anaujua.

Na gari nalo lilikuwa limechagua wiki hiyohiyo kulalamika. Gia ya tatu ilikuwa haiingii mpaka uisukume kwa nia mbaya. Ya kurudi nyuma ilisaga meno. Jumatano fundi wa Runzewe alilegeza nati ya chini ya giaboksi, akakinga tone kwa kidole, akaikaza, akanusa, akasema oili hii imezeeka hadi imesahau kazi yake, ibadilishwe upesi.

"Liache hapa, mzee. Jumanne utalichukua."

"Niliache?"

"Na funguo uniachie."

Donatus akamtazama fundi kama mtu aliyetukanwa mbele ya wakwe. "Funguo nikuachie wewe! Siku ikitokea shida, nikuulize wewe, uniambie ziko kwa nani?" Akawasha gari, likaondoka linanguruma. Kazi hiyo ataifanya mwenyewe, nyumbani, chini ya macho yake.

Akasimama dukani kwa Hozefa. Baba yake Hozefa ndiye aliyefungua duka lile la spea, na sasa Hozefa ndiye anayekaa kwenye meza ya mbele, tumbo limeegemea droo, kofia nyeupe yenye ukingo wa dhahabu kichwani.

"Shikamoo, mzee Donatus."

"Marahaba. Nipe oili ya giaboksi."

"Starlet? Namba tisini, lita mbili zinakutosha." Hozefa akaweka chupa mbili mezani, lakini hakuziachia. "Sasa nisikilize. Giaboksi hiyo ina nati mbili. Moja ubavuni, juu, ya kujazia. Moja chini, ya kumwagia. Fungua ya juu kwanza. Ikikataa, ya chini usiiguse kabisa."

"Wewe umewahi kulala chini ya gari, au nati unazionea kwenye maboksi?"

Wateja wakaangua kicheko. Hozefa naye akacheka. "Nimelala sana, mzee. Siku hizi tumbo ndilo limeninyima ruhusa." Akachukua peni nene, akaandika juu ya chupa zote mbili kwa herufi kubwa: JUU KWANZA.

Donatus akazitia chupa kwenye mfuko bila kuaga vizuri. Aandikiwe kama mtoto! Alikuwa ameshiba watu wa mezani. Mezani ndiko alikoambiwa njoo kesho. Mezani ndiko alikoambiwa jaza fomu. Mezani ndiko alikoambiwa funguo haziko hapa. Toka lini mtu aliyekaa nyuma ya meza akamwambia Donatus Mabula neno la kweli?

Basi saa tatu asubuhi ya Alhamisi hiyo alilizungusha gari mara mbili kwenye barabara ya machimbo ili oili ipate joto ilainike, akaliingiza uani, akalinyanyua kwa jeki mbele, akapanga magogo chini ya fremu na mawe nyuma ya tairi. Akaingia chini kwa mgongo. Moyo unamdunda! Hata siku ya kwanza kushuka duarani, mita arobaini chini ya ardhi na tochi kwenye paji la uso, moyo haukumdunda hivi.

"Baba, unaweza kweli?" Generosa aliuliza kutoka barazani, amekaa kwenye mkeka, miguu ameinyoosha.

"Nani kakwambia siwezi?"

"Hakuna. Nakuona tu unaongea na gari."

"Naliambia litulie. Hata mama yako nilikuwa namwambia hivyo."

"Na alikuwa anatulia?"

"Hata siku moja."

Generosa akacheka mpaka akashika tumbo. Donatus akacheka naye kule chini. Akaitafuta nati ya juu, ubavuni, akaigusa: imeota kutu na tope kavu kama kidonda. Akaiacha. Ya chini ilikuwa safi, inaangalia chini kwa adabu. Spana namba ishirini na nne ikaivaa sawasawa. Akakaza mikono, akahema, krrk! Ikakubali.

"Juu kwanza, juu kwanza," akamwigiza Hozefa kwa sauti ya puani. "Ona!"

Akahitaji chombo cha kukingia. Ndoo zote zilikuwa na maji, na maji ya kununua hayamwagwi. Akakumbuka karai. Lilikuwa limening'inia ukutani kwenye msumari wake tangu Februari, karai la Bernadina, ukingo umeliwa upande mmoja. Miaka kumi na minane mama yule aliliinamia kule mwaloni, anaosha mchanga, anatenga dhahabu na takataka. Donatus alisita. Halafu akalitungua, akalisukuma chini ya gari.

Oili ikatoka. Nyeusi, nzito, ina harufu ya kitunguu kilichooza. Ikashuka kama kamba, ikapungua ikawa uzi, ikawa tone, tone, tone. Akaifuta nati, akairudisha mahali pake, akaikaza. Akatoka chini na karai, akachuchumaa nalo juani ili aone gari lake limekuwa linakula uchafu gani.

Hapo ndipo mikono ilipomponza.

Mtu aliyeosha dhahabu miaka ishirini hawezi kushika karai lenye kitu ndani akaliacha litulie. Mikono ilianza yenyewe. Kuzungusha kidogo, kuinamisha kidogo, kurudisha. Oili ikazunguka pole, ikapanda ukingoni, ikarudi. Na ilipoondoka, pale chini penye mfereji wa karai, ukabaki mstari.

Wa njano.

Donatus akazungusha tena. Mstari ukarefuka, ukameta juani kama kope ya bibi harusi. Akachukua ile sumaku ya spika mbovu aliyokuwa akiokotea misumari, akaipitisha juu yake. Unga wa kijivu ukarukia kwenye sumaku. Ule wa njano ukabaki umelala palepale.

"Mzee! Hiyo ni nini?"

Chacha alikuwa amesimama juu ya kinu cha mkewe, kichwa na mabega yako juu ya ua wa mabua. Jirani huyu alitoka Tarime mwaka wa mvua kubwa, akasema atachimba miezi mitatu arudi. Watoto wake wanne wamezaliwa hapa.

"Oili," Donatus alijibu.

"Oili inang'aa?"

"Inang'aa kwa jua."

"Sumaku imeikataa! Nimeona! Usinifiche, mzee, sumaku imeikataa!" Chacha akapita katikati ya ua, hakuzunguka mlangoni, mabua yakalia. Akapiga magoti mbele ya karai. "Mama yangu. Mama yangu! Gari hili ulilinunua kwa nani?"

"Kwa mtu Nyahanga."

"Anafanya kazi gani?"

Donatus akalitazama karai. "Alisema ananunua dhahabu."

Chacha akaruka juu, akashika kichwa kwa mikono miwili. "Si ndiyo hiyo! Alikuwa anaificha kwenye giaboksi! Akifika kizuizini wanapekua viti, wanapekua buti, nani atapekua giaboksi? Mzee Donatus, umeuziwa benki!"

Neno hilo lilivuka ua kabla ya Chacha kufunga mdomo. Dakika kumi hazikupita, uani mlikuwa na watu. Wa mwaloni walikuja na miguu yenye tope, wa karasha wakaja na nyuso nyeupe za unga wa mawe. Huyu anasema ioshwe kwa sabuni ya unga. Yule anasema sabuni itaibeba, tumia mafuta ya taa. Mmoja akataka kwenda kuleta zebaki. Wakamfukuza, kuna mjamzito hapa, una akili? Chacha ndiye aliyekuwa msimamizi, ingawa hakuna aliyemchagua.

"Tuipasue giaboksi!" akasema. "Hiki ni kilichomwagika tu. Chenyewe kimebaki ndani!"

"Hakuna kupasua," Donatus akasema. Lakini sauti haikuwa na nguvu. Homa ile ilikuwa imempanda na yeye, homa anayoijua tangu ujana, inayokausha koo na kuchangamsha vidole. Alijiona na gari jipya, na nyumba ya bati la rangi. Alijiona anajenga kituo chake mwenyewe cha afya, kina gari lake, na funguo zimetundikwa nje kwenye msumari, anayetaka achukue! Akaomba sabuni. Akaomba maji. Akaosha, akainamisha, akaosha, watu wamemzunguka wanahema shingoni mwake, na kila akiinamisha mstari wa njano unarudi na uani wanashangilia kama goli limeingia.

Jua likafika utosini. Starlet imesimama juu ya magogo, giaboksi tupu, na hakuna aliyekuwa akiitazama.

"Baba."

Hakusikia.

"Baba!"

Aliyesikia ni Bhoke, mke wa Chacha. Aligeuka barazani, akaona mkeka umelowa na Generosa ameshika nguzo kwa mikono miwili. Bhoke akaachia yowe lililokata kelele zote.

"Nyie wanaume! Chupa imepasuka huku nyie mnaosha gari!"

Karai likamtoka Donatus. Chacha akalidaka.

"Bado siku nne," Donatus akasema. "Kadi imesema Jumatatu."

"Kamwambie mtoto asome kadi!" Bhoke alikuwa ameshamshika Generosa mabegani. "Baba Generosa, gari! Huyu ametanguliza matako, mimi simgusi, gari!"

Ndipo baridi ilipompanda Donatus tangu unyayo. Gari. Akachomoa spana, akateleza chini kwa mgongo, akaivalisha kwenye nati ya juu, ile ya kujazia. Akavuta. Ikakataa. Akavuta kwa miguu miwili imekanyaga tairi. Ikakataa.

"Chacha!"

Chacha akampa jirani karai, akaja na nyundo na moko, ile patasi ya kuvunjia mwamba duarani. "Pisha, mzee. Hakuna jiwe lililonishinda." Akapiga. Paa! Akapiga tena. Paa! Kona ya nati ikamegeka. Akapiga mara ya tatu, kona nyingine ikaenda, na nati sasa ikawa mviringo, laini kama kipara, haina pa kushikwa.

"Acha! Acha, mura, umeiua!"

"Ilikuwa inakaribia..."

"Ilikuwa inakaribia kaburini!"

Wakatazamana wakiwa wamelala ubavu kwa ubavu chini ya gari. Chupa mbili za oili zilikuwa zimesimama kando ya tairi, na kila moja ilikuwa inawaambia maneno yaleyale mawili kwa herufi kubwa. Donatus aliyasoma pole, herufi moja moja, kama siku ya kwanza shuleni.

Nje, Bhoke alikuwa anapiga simu kituoni. Hakuhitaji kuuliza mara mbili. "Wanasema gari la wagonjwa limepeleka wakubwa Ushirombo, kwenye kikao," akatangaza, akakata simu kwa kidole kama anaua chawa.

"Tumwite bodaboda," mtu akasema.

"Mtoto amekaa hivyo, umpitishe kwenye mashimo yale?" Bhoke akamjibu. "Mpakie mama yako."

Donatus alitoka chini ya gari. Akamwona Generosa ameinama, jasho linamtiririka kidevuni, na kwa macho yake mwenyewe akaliona lile toroli la mawe, limeegemea ukuta, lile lile. Siku ile alikuwa na watu wa kuwalaumu, wanne, aliwahesabu kila usiku. Leo nani alifungua ya chini kwanza? Nani alikuwa anaosha njano huku mtoto anamwita?

Akakimbia. Mtandao wa laini yake unapatikana juu ya kichuguu tu, nyuma ya choo. Akapanda kwa mikono na miguu, akapiga.

"Hozefa, mwanangu. Shikamoo." Alichanganyikiwa kiasi cha kumwamkia mtu aliye mdogo kwake.

"Mzee? Kuna nini?"

"Nilifungua ya chini."

Kule dukani mtu aliuliza bei ya plagi, Hozefa akamwambia subiri. "Na ya juu?"

"Imekufa. Tumeipiga moko. Na Generosa uchungu umemshika, mtoto ametanguliza matako, na kituoni gari halipo. Hozefa, nicheke kesho. Leo niambie."

"Nani anacheka, mzee? Sikia. Fungua boneti. Simama mbele ya gari. Juu ya giaboksi utaona kebo ya spidomita inaingia, nyembamba, nyeusi. Imeshikwa na bolti moja tu, namba kumi. Umenielewa? Namba kumi. Itoe hiyo, vuta kebo pamoja na kipande chake, taratibu, utaona tundu. Hilo tundu linaingia ndani ya giaboksi moja kwa moja."

"Nimimine hapo?"

"Mimina hapo. Chupa ya kwanza yote. Ya pili bakiza kina cha kifundo kimoja cha kidole. Usizidishe. Halafu rudisha kebo, kaza, nenda."

"Hozefa, na ile ya njano?"

"Ya njano gani?"

"Oili imetoa unga wa njano. Sumaku haiushiki."

Hozefa sasa akacheka, hakuweza kujizuia. "Shaba hiyo, mzee! Ni ringi za gia zinaliwa, gari zote za zamani zinatoa. Mmeosha?"

Donatus alishaanza kuteremka kichuguu kwa makalio.

Aliyofanya baada ya hapo hata leo hawezi kuyaeleza kwa mpangilio. Boneti ikapanda. Namba kumi! Nani ana namba kumi? Kijana wa karasha akairusha, Donatus akaidaka hewani. Bolti ikazunguka kama iliyopakwa siagi. Kebo ikatoka, na mwisho wake kigia kidogo cheupe kama jino la mtoto. Tundu! Akalitazama tundu lile kwa furaha ambayo hajawahi kulitazamia duara lolote.

Mimina na nini? Chacha, safari hii bila kutumwa, akakata mpira wa maji wa mwaloni urefu wa mkono, Bhoke akakata kichwa cha chupa ya soda kwa kisu cha dagaa, wakavichomeka pamoja. Chacha akaushika mpira tundulini, Donatus akamimina. Oili mpya ilikuwa ya rangi ya asali, inashuka kwa madaha kana kwamba hakuna anayeumwa.

"Haraka, mzee."

"Siyo mimi, ni yenyewe!"

"Ipulize!"

"Wewe Chacha umewahi kuona oili inapulizwa?"

Chupa ya kwanza ikaisha. Ya pili. Donatus akasimamisha kifundo cha kidole gumba kando ya chupa, akapima, akaacha. Kebo ndani, bolti, kaza. Watu wanane wakalibeba gari kwa mbele kwa mikono ili magogo yatoke, mawe ya nyuma yakapigwa teke, hakuna aliyengoja jeki. Generosa akaingizwa kiti cha nyuma, Bhoke pembeni yake, kanga tatu na wembe mpya mfukoni.

Donatus akachomoa funguo shingoni. Kamba ikamkwangua sikio. Injini ikawaka. Akakanyaga klachi, akasukuma gia ya kurudi nyuma, ile iliyokuwa ikisaga meno.

Ikaingia. Kimya. Kama kisu kwenye ugali wa moto.

"Wabeja!" akashukuru kwa kelele, kwa Mungu au kwa Hozefa, mwenyewe hakutofautisha.

"Mzee!" Chacha akakimbia kando ya dirisha, karai kifuani. "Hili mimi nabaki nalo nilioshe?"

"Ni shaba!"

"Nani kasema?"

"Hozefa!"

"Hozefa ni mfanyabiashara, anataka tuitupe aje aokote!"

Wakamwacha hapo, amechuchumaa tena juani kabla vumbi halijatua.

Njia ile yote, kilomita tisa za mashimo mpaka lami, barabara inayopimwa kwa kamba kila wakitaka kura na haijawahi kumwagiwa hata toroli moja la kifusi, Donatus aliipita kama mtu anayecheza ngoma. Ya pili, ya tatu, rudi ya pili. Ya tatu iliingia kwa vidole viwili! Generosa akapiga kelele kwenye kila shimo, na kila akipiga kelele baba yake akajibu, "Niko hapa, ng'wanawane, mwanangu, niko hapa!" Bhoke akawaambia wote wawili wanyamaze, mmoja azae na mwingine aendeshe. Walipopanda lami ya Runzewe akaweka ya nne, na Starlet ya mlango wa rangi ya samli ikayapita malori mawili na basi moja, kondakta akatoa kichwa nje na kushangaa.

Hozefa alikuwa amesimama nje ya duka lake, mbali na meza yake, katikati ya jua, anawapungia waendelee. Donatus akampigia honi mpaka mwisho wa mji.

Ushirombo walimpokea Generosa mlangoni, wakasoma wino mwekundu, wakamkimbiza chumba cha upasuaji. Donatus akabaki na viatu vya binti yake mkononi, nguo zake nyeusi kwa oili, akaelekezwa benchi na kukataa kukaa. Alizunguka na kuzunguka. Saa kumi na nusu nesi akatoa kichwa.

"Baba yake Generosa ni nani?"

"Mimi!"

"Mtoto wa kike. Kilo tatu na kidogo. Mama mzima. Ila wewe usiingie hivyo, kanawe, utatuchafulia wodi."

Bhoke akapiga vigelegele hadi askari wa getini akaja kuona. Donatus alitoka nje kutafuta bomba, uso umelowa kabla hajafika kwenye maji, anacheka peke yake, anaongea peke yake: "Mama Generosa, umeona? Ya tatu imeingia kwa vidole viwili."

Simu yake ikalia. Alikuwa Chacha. "Mzee, hongera, Bhoke kanipigia. Na, mzee... ni shaba."

"Karai limesalimika?"

"Liko salama. Nimeliosha, nimelirudisha kwenye msumari wake."

Akanawa mikono, lakini oili ile haitoki kirahisi. Aliponyanyua kichwa ndipo akaliona, chini ya kivuli cha jengo, kati ya magari ya waliokuja kwenye kikao. Jeupe, limeoshwa, lina mstari mwekundu ubavuni. Gari la wagonjwa la kituo chao. Mlango uko wazi, na kwenye kiti cha dereva amekaa Marselino, dereva yuleyule wa Februari, anachokonoa meno, na kwenye kidole cha mkono wa pili anazungusha funguo.

Siku nyingine Donatus angetukana. Alikuwa na matusi ya miezi mitano, amekwishayapanga. Alitembea mpaka pale, akasimama, akapangusa mikono kwenye suruali. Mkono wake wa kulia ulikuwa umeshika funguo zake mwenyewe, zenye kamba ya kiatu.

"Aa, mzee Donatus!" Marselino akaketi vizuri, mguu ukashuka kwenye dashibodi. "Shikamoo. Umekuja kwa heri huku?"

"Marahaba. Kwa heri. Nimepata mjukuu."

"Hongera sana, mzee! Nani kawaleta?"

"Nimewaleta mimi."

"Vizuri. Vizuri sana." Marselino alitazama mikono ile nyeusi, akatazama pembeni. Funguo zilikuwa zimeacha kuzunguka.

"Marselino," Donatus akasema, kwa sauti ya chini ya mtu anayeuliza njia, "mimi leo nimekosea nati, na nimekwishasema ni mimi. Sasa nawe niambie. Jumanne ile, toka saa nne mpaka saa tisa, funguo hizo zilikuwa mfukoni mwa nani?"